Peru au Bolivia: uanze na nchi ipi ukitaka kuijua Andes?

Hadi mwaka 1825 hapakuwa na nchi inayoitwa Bolivia. Wahispania waliiita Peru ya Juu. Waliitawala kutoka Lima kwa zaidi ya karne mbili, wakaiweka chini ya Buenos Aires mwaka 1776, na ilipopata uhuru ikachukua jina la Simón Bolívar, kiongozi wa vita vya uhuru. Kwa hiyo anayetaka kuanza safari yake ya Andes, safu ya milima ya Amerika Kusini, iwe kwa miguu au kwa vitabu, anakutana na nchi mbili za ukoo mmoja. Zote zina milima ileile. Zote zinazungumza Kikechua na Kiaymara pamoja na Kihispania. Zote zilikuwa chini ya Wainka, waliotawala kabla ya Wahispania, na Ziwa Titicaca limekaa katikati yao, sehemu huku na sehemu kule.

Wengi huamua kwa kuona picha ya Machu Picchu, mji wa kale wa Wainka mlimani, wakaenda Peru. Si uamuzi mbaya, ila nadhani umefanywa haraka mno. Kila nchi imetunza upande wake wa kisa. Peru imetunza vizuri zaidi yale watu wa Andes waliyoyajenga kabla Mhispania hajatia mguu. Bolivia inaonyesha waziwazi zaidi yaliyowafika baadaye, na namna ulimwengu ulivyotajirika kwa migongo yao. Mimi nikiulizwa na mtu wa Afrika Mashariki achague moja tu, namwambia Bolivia. Lakini wapo ambao Peru itawafaa zaidi, tena kwa sababu nzito.

Mambo ya kujengwa: Peru haina mpinzani

Kama shauku yako ni magofu, mawe na miji ya kale, usihangaike, nenda Peru. Caral, kaskazini mwa Lima, ilikuwa mji wenye piramidi wakati Misri nayo inajenga zake. Chan Chan, karibu na Trujillo, ni mji mzima wa udongo uliojengwa na Wachimú kwenye jangwa la pwani. Kusini kuna michoro ya Nazca ardhini, ambayo huioni vizuri mpaka uwe juu. Na hapo bado hujafika kwa Wainka.

Ukifika Cusco, uliokuwa mji mkuu wa Wainka, tenga nusu siku kwa ajili ya Qorikancha, lililokuwa hekalu la jua. Wahispania waliling'oa dhahabu zake, wakajenga kanisa na nyumba ya watawa ya Santo Domingo juu ya kuta zake. Mei 1950 tetemeko kubwa likaipiga Cusco. Sehemu kubwa ya jengo la Wahispania ikaporomoka, kuta za Wainka zikabaki. Sogea karibu utaona ni kwa nini. Mawe yamechongwa yakabana bila saruji wala chokaa, hata kisu hakipenyi kwenye maungio. Ukuta umelala kidogo kuelekea ndani kadiri unavyopanda, na milango ni mipana chini, myembamba juu. Haya yalifanywa na watu wasiokuwa na chuma, wasiotumia gurudumu, na ambao hesabu zao za watu, mazao na kodi walizitunza kwa mafundo ya kamba yaitwayo kipu. Barabara zao zilifika takribani kilomita 30,000, kutoka Kolombia ya leo hadi Chile na Argentina.

Machu Picchu yenyewe ni ya katikati ya karne ya 15, wakati wa mfalme wa Wainka aitwaye Pachacuti. Hiram Bingham wa Marekani aliyeitangaza kwa ulimwengu mwaka 1911 alipelekwa na mwenyeji, na alikuta familia za wakulima zikilima kwenye matuta yake. Nalisema hili kwa sababu bado kuna wanaoandika kwamba aliuvumbua mji uliopotea. Haukuwa umepotea kwa wenyewe.

Bolivia kwa upande huu ina Tiwanaku, karibu na Titicaca, mji uliostawi karne nyingi kabla ya Wainka. Lango lake la Jua limechongwa kwenye jiwe moja. Ni mahali pa kuheshimiwa, lakini mawe mengi yalibebwa kwenda kujenga kanisa na majumba, na anayetoka Cusco ataona upungufu huo mara moja.

Potosí, na sababu ya mimi kuitaja Bolivia kwanza

Mwaka 1545 Wahispania walianza kuchimba madini ya fedha kwenye mlima mmoja mwekundu wenye umbo la pia, kusini mwa Bolivia ya leo. Wakauita Cerro Rico, yaani Mlima Tajiri. Chini yake ukaota mji wa Potosí, mita 4,000 hivi juu ya usawa wa bahari, mahali ambapo hakuna mazao ya maana yanayoota. Mwanzoni mwa karne ya 17 hesabu za wakati huo ziliwataja wakazi 160,000, idadi ambayo miji michache sana ya Ulaya iliifikia.

Mawe yenye fedha nyingi yalipoanza kuisha, gavana wa mfalme, Francisco de Toledo, alileta mambo mawili katika miaka ya 1570. La kwanza ni zebaki kutoka Huancavelica, huko Peru, iliyotumika kuikamata fedha ndani ya mawe yaliyosagwa. La pili ni mita, si kipimo cha urefu bali jina la Kikechua la kazi ya zamu. Wainka walikuwa na desturi ya zamu ya kazi kwa serikali yao, nao mfanyakazi alilishwa na ghala la serikali. Toledo alichukua jina na kuacha uungwana wake. Kila mwaka mwanamume mmoja kati ya saba, kutoka wilaya zilizoanzia upande wa Cusco hadi kusini kabisa, alitakiwa kwenda Potosí. Walikuwa takribani 13,000 kwa mwaka. Waliondoka na wake, watoto na lama wao, yaani wanyama wa mizigo wa Andes, na waliotoka mbali walitembea miezi miwili.

Mgodini mtu alishuka na mshumaa, akapanda na gunia la mawe mgongoni kwa ngazi zilizofungwa kwa ngozi. Kutoka kwenye joto la shimoni alitokeza kwenye baridi kali ya juu, akiwa ametota jasho. Huko nje mawe yalisagwa kwa vinu vya maji, yakachanganywa na chumvi na zebaki, na wafanyakazi wakayakanyaga kwa miguu. Kisha mchanganyiko ulichomwa ili zebaki iruke kama mvuke, na mvuke huo ndio waliouvuta. Mita iliendelea hadi karne ya 19.

Fedha hiyo ilishuka hadi pwani ya Pasifiki kwa misafara ya lama na nyumbu, ikapita Panama kwenda Hispania, na nyingine ikavushwa kutoka Mexico hadi Manila na kuishia China. Sarafu za Kihispania zilizopigwa kwa fedha ya Potosí na Mexico zilienea kote Bahari ya Hindi, na wafanyabiashara wa Zanzibar na Uarabuni walizipokea. Hapa ndipo ninaposema historia hii inatuhusu. Biashara ya pwani yetu, kabla ya shilingi na rupia, iligusana na mlima huu.

Leo nyumba ya kupigia sarafu, Casa de la Moneda, iliyokamilika mwaka 1773, ni makumbusho. Ndani yake kuna mitambo mikubwa ya mbao ya kubamiza fedha iwe bapa. Ghorofa ya juu ilikaa mitambo, ghorofa ya chini nyumbu walizunguka kuisukuma mhimili. Mlimani nako bado wanachimba, sasa kwa ushirika: zinki, bati na fedha iliyobaki. Kila mgodi una sanamu ya Tío, bwana wa chini ya ardhi, na wachimbaji humtilia majani ya koka, sigara na pombe kabla ya kazi. Mlima umetobolewa kiasi kwamba kilele kinazama, na mwaka 2014 UNESCO iliuweka mji huu kwenye orodha ya urithi ulio hatarini.

Watalii hupelekwa hadi ndani ya mgodi. Ushauri wangu ni kuanza na makumbusho. Ukiamua kuingia, ingia na kiongozi aliyewahi kuwa mchimbaji, na kama una pumu au unaogopa sehemu zilizobana, usiingie kabisa. Vumbi la mle ndani ndilo linalowaua wenyewe, wengi wakiwa bado vijana.

Peru haina mahali panapoonyesha haya kwa namna hii. Lima ina majumba na makanisa yaliyojengwa kwa utajiri huo, na ni mazuri. Ila ukiyaona bila kuiona Potosí, umeona karamu bila kuona jiko.

Maasi ya 1780 na 1781

Nchi zote mbili zina haki ya kujivunia hapa. Novemba 1780, kusini mwa Cusco, José Gabriel Condorcanqui alijiita Túpac Amaru wa Pili, akamkamata na kumnyonga ofisa wa Kihispania, na siku chache baadaye akatangaza kwamba watumwa watakaomfuata wako huru. Mkewe, Micaela Bastidas, ndiye aliyesimamia chakula, silaha na ujumbe wa jeshi. Mei 18, 1781 wote wawili waliuawa hadharani kwenye uwanja mkuu wa Cusco. Ukisimama uwanjani hapo leo, kati ya mikahawa na wauza picha, inahitaji uambiwe ndipo ujue.

La Paz, huko Bolivia, ni tofauti, kwa sababu jiografia yenyewe inakusimulia. Mji umekaa kwenye bonde lenye kuta kali, na ukingoni juu yake, zaidi ya mita 400, ndipo ulipo uwanda wa El Alto. Mwaka 1781 Julián Apaza, aliyejiita Túpac Katari, pamoja na mkewe Bartolina Sisa, walipanga maelfu ya Waaymara kwenye ukingo huo wakaufungia mji kwa miezi kadhaa. Walioishika juu walishika chakula cha walio chini. Katari aliuawa Novemba mwaka huo kwa kuvutwa na farasi wanne.

Oktoba 2003 wakazi wa El Alto, wengi wao Waaymara, walifunga barabara zilezile kupinga mpango wa kuuza gesi nje, na Rais Gonzalo Sánchez de Lozada akakimbilia Marekani. Kuanzia 2014 miji hii miwili imeunganishwa kwa magari ya kebo ya umma, na kwa nauli ndogo unapita juu ya ukingo huo na kuelewa mzingiro wa 1781 kwa dakika kumi. Mwalimu wa historia hatapata ubao bora kuliko huo.

Walio na asili ya Afrika

Ukiwa unafuatilia nyayo za Waafrika, geuza uamuzi: Peru inatangulia. Katika karne ya 17 karibu nusu ya wakazi wa Lima walikuwa Waafrika au wenye asili ya Afrika. Wakatoliki wa kwetu wanamjua Mtakatifu Martin wa Porres, yule mwenye ufagio mkononi. Alizaliwa Lima mwaka 1579, mama yake akiwa mwanamke mweusi aliyekuwa amepata uhuru, na alitumikia wagonjwa katika nyumba ya Wadominika mpaka alipofariki 1639. Masalia yake yako palepale, katikati ya jiji. Papa alimtangaza mtakatifu mwaka 1962.

Kuna pia Señor de los Milagros, picha ya Kristo msalabani iliyochorwa kwenye ukuta wa udongo na mtumwa kutoka Angola katikati ya karne hiyo. Ukuta ulivumilia matetemeko yaliyobomoa nyumba jirani, na kila Oktoba umati mkubwa uliovaa zambarau hujaza mitaa ya Lima kwa maandamano yake. Kusini, katika Chincha, kijiji cha El Carmen kinajulikana kwa ngoma na cajón, sanduku la mbao ambalo mpigaji hulikalia na kulipiga kwa viganja.

Bolivia ina Waafrika wake pia, katika mabonde yenye joto ya Yungas, saa chache kutoka La Paz. Wanalima koka na kahawa, wanacheza ngoma iitwayo saya, wana mfalme wao wa jadi huko Mururata, na katiba ya 2009 iliwatambua kwa jina. Ni jamii ndogo. Nenda kwa adabu, si kama unaenda kuona maonyesho.

Ardhi, baridi na chakula

Peru ina sura tatu: jangwa la pwani, milima, na msitu wa Amazoni unaochukua zaidi ya nusu ya nchi. Mkondo baridi wa bahari, uitwao Humboldt, ndio unaoinyima pwani mvua, hivyo Lima ni jiji la mamilioni ya watu linaloishi kwa mito inayoshuka milimani. Iquitos, msituni, haina barabara inayoiunganisha na sehemu nyingine za nchi. Unafika kwa ndege au kwa mto. Kwa anayetaka aina nyingi za mandhari katika safari moja, Peru ina wingi huo.

Bolivia ina uwanda wa Altiplano, na huo ndio ulionivuta mimi. Uwanda wa chumvi wa Uyuni una zaidi ya kilomita za mraba 10,000, weupe mtupu kila upande, na chini yake kuna litiamu, madini ya kutengenezea betri, ambayo dunia inaitolea macho kama ilivyoitolea fedha ya Potosí. Watu wa uwanda huu ndio walioifanya baridi kuwa ghala. Mwezi wa Juni viazi hutandazwa nje usiku vigande, mchana jua huviyeyusha, watu huvikanyaga kwa miguu kutoa maji, na kazi hurudiwa siku kadhaa mpaka vinakuwa vikavu na vyepesi. Huitwa chuño na hukaa miaka bila kuharibika. Viazi mviringo tunavyokaanga chipsi vilitoka katika nchi za kuzunguka Titicaca. Karanga nazo asili yake ni kusini mwa Bolivia na kaskazini mwa Argentina.

Mkwinini, mti wa dawa ya malaria, pia ni wa milima hii. Peru imeuweka mti huo kwenye nembo yake ya taifa, lakini mbegu zilizobadilisha dunia zilikusanywa Bolivia na mwenyeji aitwaye Manuel Incra Mamani, kwa niaba ya Mwingereza Charles Ledger. Waholanzi walizinunua mwaka 1865 wakazipanda Java. Mamani alikamatwa na kupigwa kwa kazi hiyo, akafa. Dawa ya malaria iliyotokana na miti hiyo ilifika kwetu, na mikwinini ikapandwa hadi Kivu.

Jambo moja Bolivia haina: bahari. Iliipoteza kwa Chile katika Vita vya Pasifiki vilivyoanza 1879, na mkataba wa 1904 ukaithibitisha hasara hiyo. Bado ina jeshi la majini, kwenye Titicaca, na kila Machi 23 huadhimisha Siku ya Bahari. Mwaka 2018 Mahakama ya Kimataifa ya Haki iliamua kwamba Chile hailazimiki kufanya nayo mazungumzo. Mtu wa Uganda, Rwanda au Burundi ataelewa upesi maana ya kontena lako kutegemea bandari ya jirani.

Mwili wako una kura pia

Cusco iko mita 3,400. La Paz ni kama 3,640, na uwanja wake wa ndege, El Alto, uko zaidi ya 4,000. Kibanda cha Horombo kwenye Kilimanjaro kiko 3,720. Maana yake ukishuka kwenye ndege La Paz umefika Horombo, na zaidi, bila kutembea hata hatua moja. Kichwa kitauma, usingizi utakatika, ngazi za hotelini zitakuhemesha. Mwenye ugonjwa wa moyo au mapafu amwone daktari kwanza, na kwa mtu huyo Peru ni salama zaidi, kwa sababu inakuruhusu kupanda kidogokidogo. Lima iko karibu na usawa wa bahari, Machu Picchu yenyewe ni 2,430 tu, na ukitua Cusco unaweza kushuka siku hiyohiyo hadi Ollantaytambo, mita 2,800 hivi, ukalala huko siku mbili ndipo upande. Bolivia kimbilio ni Sucre, mita 2,800 hivi, mji mweupe ambako uhuru ulitiwa saini Agosti 6, 1825.

Kwa gharama, Bolivia ni nafuu kwa chakula, malazi na usafiri, ila miaka ya karibuni imesumbuliwa na uhaba wa dola na mafuta, na kufunga barabara ni njia ya kawaida ya kudai haki. Weka siku za ziada. Peru imejipanga zaidi kwa wageni, na unailipia. Tiketi za Machu Picchu zina kikomo kwa siku, kwa hiyo nunua mapema, na njia ya Inka, ile ya kwenda huko kwa miguu, hufungwa kila Februari. Masuala ya viza ulizia ubalozi mapema, na kadi ya chanjo ya homa ya manjano usiiache nyumbani. Mei hadi Septemba ni kavu katika nchi zote mbili, usiku ni baridi ya kuganda. Anayetaka kuona Uyuni ikiwa imefunikwa na maji kama kioo aende Januari au Februari, akijua baadhi ya njia zitakuwa hazipitiki.

Ukibahatika kuwa na wiki tatu, usichague. Anza Lima, ushuke bondeni Ollantaytambo, upande Cusco, uende Puno ziwani, kisha uvuke mpaka hadi Copacabana. Kati ya Copacabana na La Paz barabara hukatika kwenye mlango wa maji wa Tiquina. Abiria mnashuka, mnavuka kwa boti ndogo, na basi lenu linavushwa peke yake juu ya pantoni ya mbao. Chukua mkoba wenye pasipoti na pesa ushuke nao. Usiuache ndani ya basi. Kutoka La Paz basi la usiku litakufikisha Potosí asubuhi, na kwa sababu mwili utakuwa umeshazoea mwinuko, utaweza kutembea.